Kufundisha Mafumbo Yenye Namba Mbili Zisizojulikana

Mafumbo ya hesabu huwashinda wanafunzi wengi ambao hujumlisha, hutoa, huzidisha na hugawanya bila taabu. Sababu ni kwamba fumbo kwanza ni habari, ndipo huwa hesabu. Penye namba mbili zisizojulikana ugumu huongezeka, kwa kuwa habari hutolewa kwa sentensi mbili, na hakuna hata moja itoshayo peke yake.

Tuchukue darasa katika kata ya Manchira, wilayani Serengeti. Watoto wa huko wanalijua bwawa la Manchira, ambalo hulisha maji mji wa Mugumu, na mifugo wanaijua vizuri. Lakini wengi huzungumza Kikurya, Kingoreme au Kiikoma nyumbani. Kiswahili cha mafumbo hukutana nacho darasani. Basi mwalimu na aanze na mambo wayajuayo:

"Kaka na dada wamechota ndoo 17 za maji. Kaka amechota ndoo 5 zaidi ya dada. Kila mmoja amechota ndoo ngapi?"

Baadhi wataona neno "zaidi" na kujumlisha, wapate 22. Wengine watatoa 5 na kukomea 12. Haifai mwalimu kuweka alama ya kosa tu. Awaulize ndoo 22 zimetoka wapi, ikiwa zilizochotwa ni 17. Kisha achore ubaoni mistari miwili, wa dada mfupi, na wa kaka ukiuzidi kwa ndoo 5. Zikiondolewa hizo 5, mistari hulingana, na ndoo 12 hubaki. Dada amechota 6, kaka 11. Jibu lihakikiwe kwa sentensi zote mbili: 6 + 11 = 17, na 11 − 6 = 5.

Hatua ya pili ni kudhani. "Uani pana mbuzi na kuku. Vichwa ni 20, miguu ni 54." Tudhani wote ni kuku: miguu ingekuwa 40. Imepungua 14. Kila tunapomwondoa kuku na kumweka mbuzi, miguu huongezeka 2. Kwa hiyo mbuzi ni 14 ÷ 2 = 7, na kuku ni 13. Mafumbo ya namna hii ni ya kale. Kitabu cha hesabu cha Kichina kiitwacho kwa jina la Sun Zi, chenye umri wa zaidi ya miaka 1,500, kina fumbo la ndege na sungura wenye vichwa 35 na miguu 94.

Ndipo zije herufi. Idadi ya mbuzi iwe m, na idadi ya kuku iwe k:

m + k = 20
4m + 2k = 54

Tuzidishe mlinganyo wa kwanza kwa 2: 2m + 2k = 40. Tukiutoa katika wa pili, 2m = 14; m = 7, k = 13. Wanafunzi waonyeshwe kwamba 40 na 14 ni zile zile walizozipata kwa kudhani. Herufi zimefupisha tu maandishi ya fikra waliyo nayo tayari.

Hapa pana hatari moja. Herufi m si mbuzi, bali ni idadi ya mbuzi. Wakiambiwa, "Kwa kila ng'ombe 1 kuna mbuzi 3," wengi huandika 3m = n. Kosa hili si la watoto wa vijijini pekee. Katika utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 1981, zaidi ya theluthi moja ya wanafunzi 150 wa uhandisi walikosea mlinganyo wa namna hiyo. Dawa yake ni kujaribu kwa namba: ng'ombe wakiwa 2, mbuzi ni 6. Je, 3 × 6 ni 2? La. Basi mlinganyo sahihi ni m = 3n.

Mwishowe, kila mwanafunzi atunge fumbo lake na kumpa mwenzake alifumbue. Anayeweza kulitunga ameielewa habari. Na akifika sekondari, ambako hesabu hufundishwa kwa Kiingereza, atakuwa na lugha ngeni tu ya kujifunza, kwani fikra yenyewe atakuwa nayo.