Mazungumzo Yanapotekwa na "Mimi"
Mwanasosholojia wa Marekani, Charles Derber, katika kitabu chake cha mwaka 1979, alibainisha majibu ya aina mbili katika mazungumzo: la kuunga mkono na la kugeuza. Mwanafunzi akisema, "Mtihani wa isimu umenishinda," aulizaye "Sehemu gani?" humwachia mada. Ajibuye "Hata mimi mwaka jana..." huiteka, na mwenye shida huondoka na mzigo wake. Hata hivyo, "hata mimi" ni lugha ya kuliwazana pia. Kosa si kuitamka, bali ni kutomrejea msemaji. Mtekaji wa kudumu asinuniwe, wala asiitikiwe "Ehee, ikawaje?", maana huko ni kumchochea. Asikilizwe kidogo, kisha mada irudishwe kwa mwenyewe: "Tumekusikia, hebu kwanza mwenzetu amalizie la mtihani wake."