Curt Flood: Mchezaji Aliyekataa Kuuzwa

Barazani kwetu, mazungumzo ya wanamichezo waliosimamia haki hayakawii kumfikia Muhammad Ali, aliyekataa kuingia jeshini mwaka 1967, wakati wa vita vya Vietnam, akavuliwa ubingwa wake. Mimi huongeza jina la pili, na wenzangu hunikodolea macho: Curt Flood.

Huyu hakuwa bondia. Alicheza besiboli, mchezo wa Wamarekani wa kupiga mpira kwa gongo. Kazi yake ilikuwa kusimama nyuma kabisa, katikati ya uwanja, na kuukimbilia mpira uliopigwa juu ili audake kabla haujagusa ardhi. Alizaliwa Houston mwaka 1938, akakulia Oakland. Kuanzia 1958 aliichezea St. Louis Cardinals misimu 12, akatwaa nayo ubingwa mwaka 1964 na 1967. Kwa udakaji wake alipewa tuzo ya Glavu ya Dhahabu miaka 7 mfululizo, na msimu mzima wa 1966 hakuandikiwa kosa hata moja la udakaji.

Lakini mikataba ya siku hizo ilikuwa na sharti gumu. Klabu iliyomsajili mchezaji ndiyo iliyommiliki. Muda wake ukiisha, hakuruhusiwa kutafuta klabu nyingine. Klabu nayo iliweza kumpeleka itakako pasipo kumwuliza. Oktoba 1969 Flood akaarifiwa kwamba amebadilishwa na wachezaji wengine, ahamie Philadelphia.

Huko angelipwa kiasi cha dola 100,000 kwa mwaka. Watu wakamshangaa: mwenye mshahara kama huo analalamikia nini? Naye akajibu kwamba mshahara mnono haumtoi mtu utumwani. Msomaji, sisi wa pwani, ambao bibi zetu walituhadithia habari za watu walionunuliwa na kuuzwa, jibu hilo hatuhitaji kufafanuliwa.

Tarehe 24 Desemba 1969 alimwandikia Bowie Kuhn, mkuu wa besiboli, kwamba yeye si mali ya kuuzwa atake asitake. Kisha akaenda mahakamani. Jackie Robinson, aliyevunja ubaguzi wa rangi katika ligi hiyo mwaka 1947, alikuja kumtolea ushahidi. Miongoni mwa wachezaji waliokuwa bado uwanjani, hakutokea hata mmoja. Kila mtu alichelea riziki yake.

Flood akakosa msimu mzima wa 1970. Mwaka 1971 alirudi na timu ya Washington, akacheza mechi 13 tu, akaondoka moja kwa moja.

Juni 1971 Mahakama ya Juu ya Marekani ilimpa Ali haki yake. Mwaka mmoja baadaye, tarehe 19 Juni 1972, mahakama hiyo hiyo ikamwangusha Flood, majaji 5 dhidi ya 3. Desemba 1975 ndipo mwamuzi alipowapa ushindi wachezaji wengine wawili, na mlango wa kuchagua klabu ukafunguka. Wakati huo Flood alikwisha kuacha mchezo. Alifariki Januari 1997, akiwa na umri wa miaka 59.

Apandaye mnazi mara nyingi dafu hunywa wajukuu. Wachezaji wa besiboli wanaotajirika leo wananywa la Flood. Basi jioni tukikaa na kahawa yetu kumsifu Ali, na huyu pia tusimsahau.