Ndizi Zimeanza Kuwa Nyeusi Kwa Keja? Usitupe, Kaanga Hivi

Mathe alinitumia mkungu mzima wa ndizi kutoka Kisii. Nilipouchukua steji ulikuwa kijani kabisa, siku ya nne zote zikaamua kuiva mara moja. Wasee, mi naishi bedsita, friji sina, na majirani nilikuwa nishawagawia hadi wakaanza kunikwepa. Shida ni moja: mathe alikuwa anakuja Jumapili, mara yake ya kwanza kwa keja yangu tangu niwache chuo. Apate ndizi zake kwa pipa? Zii.

Ndio nikakaanga. Kama umewahi kula viazi karai, hii ni form ile ile, tofauti ni tamu. Huko Indonesia na Malaysia huuzwa kando ya barabara, wanaita pisang goreng.

Chagua ndizi yenye ganda liko na madoa lakini ndani bado imeshikana. Ikishakuwa rojorojo itavunjikia kwa mafuta, hiyo iponde ufanye chapo za maji. Kwa ndizi sita ndogo, kikombe kimoja cha unga wa ngano, vijiko viwili vya sukari, nusu kijiko cha chai ya bekin pauda na chumvi kidogo. Ongeza maji baridi polepole mpaka iwe kama uji mzito, inashikilia kijiko. Usikoroge sana. Ukikoroga kama una hasira unga unavutika, na ganda linakuwa gumu kama la mandazi ya jana. Kata ndizi katikati kwa urefu, pangusa, chovya.

Sasa mafuta, hapa ndio wengi huchoma. Watu hudhani mafuta mengi ndio hufanya kitu inywe mafuta. Hapana, ni mafuta baridi. Yakiwa moto sawasawa, maji ya kwa unga yanageuka mvuke na kusukuma kwenda nje, so mafuta hayapati nafasi ya kuingia. Dondosha tone la unga: likikaa chini, ngoja. Likipanda na mapovu, twende kazi. Likiwa jeusi hapo hapo, punguza moto. Weka tatu tatu, ukijaza sufuria mafuta yanapoa. Dakika mbili kila upande, ama hivi.

Na juu naongea na watu wa meko kando ya pazia: mafuta yasizidi nusu ya sufuria, na usiyaache ukaenda kuscroll. Yakishika moto, USIMWAGE MAJI. Maji yanazama chini, yanalipuka kuwa mvuke, na ule moto unarushwa hadi dari. Zima gesi kama unaifikia, funika na kifuniko cha chuma, usiguse hadi ipoe.

Nanasi pia inaweza, lakini ikaushe na kitambaa kwanza, juu maji yake hurusha mafuta. Papai ni laini sana. Tikiti maji hata usijaribu buda.

Zikitoka, zisirundike, mvuke utazilainisha. Nyunyiza sukari na mdalasini, kamulia ndimu, kula zikiwa moto.

Mathe alikula tano. Mambo ya chuo hakuuliza. Aliuliza tu kama gesi imeisha, halafu akasema mkungu mwingine unakuja mwisho wa mwezi.