Macho Hayana Pazia, Lakini Ubongo Unalo

Wahenga walisema macho hayana pazia. Mtaani msemo huu hutumiwa sana na mtu aliyeshikwa akikodolea macho kisichomhusu: eti yeye alikuwa akipita tu, macho ndiyo yaliyoona. Lakini ukiwauliza wanasayansi wanaochunguza jinsi binadamu anavyoona, watakwambia wahenga walitupa nusu ya habari. Macho hayana pazia, ni kweli. Pazia liko nyuma yake, ubongoni, na hufungwa bila wewe kuulizwa.

Cha kushangaza ni kwamba mmoja wa watu waliolieleza jambo hili vizuri hakuwa daktari. Alikuwa mwandishi wa vichekesho, Mwingereza Douglas Adams. Hadithi yake ya The Hitchhiker's Guide to the Galaxy ilianza kama mchezo wa redio katika BBC mwaka 1978, ikawa kitabu mwaka 1979, kisha vitabu vingine vikafuata.

Humo ndani, kuona ni kituko kitupu. Kuna mnyama mkali lakini mjinga ajabu, anayeamini kwamba usipomwona, basi na yeye hakuoni. Ukikutana naye, jifunge taulo kichwani na umeokoka. Kuna pia miwani ya jua inayogeuka nyeusi tititi pindi hatari inapokaribia, ili aliyeivaa asione kitu cha kumtia wasiwasi.

Lakini kali zaidi imo katika kitabu cha tatu, cha mwaka 1982. Chombo cha angani kinatua katika uwanja wa kriketi wa Lord's jijini London, mashabiki wamejaa, na karibu hakuna anayekiona. Si kwamba kimefichwa. Kinalindwa na kitu ambacho kwa Kiswahili tunaweza kukiita Shida ya Mtu Mwingine. Ubongo ukishaamua kuwa jambo fulani halikuhusu, unalifuta tu, hata kama liko mbele ya pua yako.

Unacheka? Haya, fanya jaribio dogo. Nyoosha mikono yote miwili mbele yako, vidole gumba vikiwa vimesimama pamoja. Funga jicho la kushoto. Ukitumia jicho la kulia, kazia macho kidole gumba cha kushoto tu, usikiache. Sasa sogeza kidole gumba cha kulia polepole kuelekea kulia. Kikifika umbali wa sentimita 15 hivi, ncha yake itatoweka. Isogeze zaidi, itarudi.

Hapo hakuna uchawi. Nyuma ya kila jicho kuna mahali ambapo neva inayopeleka habari ubongoni hutokea, na mahali hapo hapana chembe za kupokea mwanga. Kwa hivyo kila mtu ana shimo katika kuona kwake. Mbona basi hulioni shimo hilo siku nzima? Jicho moja humsaidia mwenzake, na ubongo nao huziba pengo kwa kubahatisha kutokana na vilivyo karibu. Yaani sehemu ya unachokiona sasa hivi ni makisio ya ubongo wako.

Isitoshe, sehemu unayoiona kwa ukali kamili ni ndogo mno, kama upana wa kidole gumba ukinyoosha mkono. Macho hurukaruka mara tatu hivi kwa sekunde yakiokota vipande, kisha ubongo unavishona. Unachokiita kuona ni kazi ya fundi, na fundi huyo ana tabia ya kutupa vitambaa anavyodhani havihitajiki.

Mwaka 1999, miaka 17 baada ya kile chombo cha Adams kutua Lord's, wanasaikolojia wawili wa Marekani, Daniel Simons na Christopher Chabris, walithibitisha tabia hiyo kwa video fupi. Watu wanapasiana mpira wa vikapu, na mtazamaji anaambiwa ahesabu pasi za timu yenye mavazi meupe. Katikati ya mchezo, mtu aliyevaa vazi la gorila anaingia, anasimama, anajipiga kifua, kisha anaondoka zake. Anaonekana kwa sekunde tisa hivi. Karibu nusu ya watazamaji hawakumwona kabisa. Wengine walipoonyeshwa tena video hiyo, hawakuamini ni ile ile.

Labda utasema hao hawakuwa makini. Basi sikiza hii. Mwaka 2013, watafiti huko Boston waliwapa madaktari 24 waliobobea katika kusoma picha za eksirei kazi yao ya kila siku: kutafuta vivimbe vidogo kwenye picha za mapafu. Ndani ya picha hizo walikuwa wamechomeka picha ya gorila, kubwa mara 48 kuliko kivimbe cha kawaida. Madaktari 20 kati ya 24 hawakumwona. Kifaa cha kufuatilia mboni kilionyesha kwamba wengi wao walimtazama gorila moja kwa moja.

Rudia hiyo sentensi. Walimtazama, ila hawakumwona. Kiswahili chetu kinatenganisha maneno hayo mawili, na kumbe sayansi pia.

Hapa ndipo Adams alipotofautiana kidogo na maabara. Kwake yeye, ubongo hufuta kitu kwa kuwa hautaki kujisumbua. Wanasayansi wanasema hata anayejitahidi hukosa kuona, kwa sababu umakini ni kama data ya simu. Ukiimaliza kwa jambo moja, hakuna ya jambo la pili. Watazamaji wa video walitumia yao kuhesabu pasi, madaktari wakatumia yao kuwinda vivimbe.

Na sisi? Sisi yetu tunaimalizia kwenye simu, tena barabarani. Mwanasaikolojia Ira Hyman na wenzake waliwahi kumpitisha mchekeshaji wa sarakasi, pua nyekundu na viatu vikubwa, akiendesha baiskeli ya gurudumu moja katika chuo kikuu kimoja Marekani. Miongoni mwa waliokuwa wakiongea kwa simu, ni mmoja tu kati ya wanne aliyemwona. Waliokuwa wakisikiza muziki walimwona kwa zaidi ya nusu, na waliotembea wawili wawili ndio walioongoza. Kwa hivyo si sauti masikioni iliyowapofusha. Akili yao ilikuwa kwa mtu wa upande wa pili wa simu.

Ikiwa mtu anaweza kupitwa na kituko kama hicho, nduthi inayokuja upande usio wake Thika Road ataionaje? Hii si hadithi tena. Takwimu za NTSA huonyesha mwaka baada ya mwaka kwamba watembea kwa miguu ndio wengi miongoni mwa wanaofariki barabarani Kenya.

Kwa hivyo kabla ya kuvuka, kata simu. Usiishushe tu kutoka sikioni huku mazungumzo yakiendelea kichwani, ikate. Na usidhani kwamba dereva amekuona eti kwa sababu macho yenu yamegongana. Kumbuka wale madaktari: mboni zilifika kwa gorila, habari haikufika. Ngoja uone gari likipunguza mwendo, ndipo uweke mguu barabarani.

Nawe ukishika usukani au ukipanda nduthi, uliza swali tofauti kidogo. Badala ya "nimetazama?" jiulize "nimeona nini?" Kama huwezi kukitaja ulichokiona, tazama tena. Miwani inayoficha hatari ni kichekesho kizuri kitabuni. Pale stejini, saa kumi na mbili jioni, mat zikikimbizana, hakuna wa kukuchekesha.