Kaseti ya Flashi na Uhai wa Michezo ya Zamani ya Game Boy

Mwaka 1989 kampuni ya Nintendo ya Japani ilitoa mashine ndogo ya kuchezea iliyoshikwa mkononi, iitwayo Game Boy. Mashine hiyo, pamoja na ndugu yake yenye skrini ya rangi iliyotoka mwaka 1998, iliuzwa duniani kwa idadi inayozidi milioni 118. Kila mchezo uliuzwa ndani ya kaseti yake ya plastiki, na leo ni kaseti hizo, wala si mashine, ambazo zinatia wasiwasi. Plastiki haiozi upesi. Linalokufa ni jambo dogo lililofichwa ndani yake.

Makala haya yanakusudia kueleza chombo kinachojulikana kama kaseti ya flashi: ni kitu gani, hufanyaje kazi, na huandaliwa vipi ili michezo ya zamani iendelee kuchezwa katika mashine ile ile iliyokusudiwa. Huenda msomaji wa taaluma ya lugha akajiuliza jambo hili linamhusu nini. Itaonekana hapa chini kwamba maswali yake, yaani nakala ipi ni sahihi, nani ana haki ya kunakili, na maandishi huhamishwaje kutoka lugha hadi lugha, ni yale yale anayokutana nayo mtu yeyote anayeshughulika na miswada.

Hapana budi kuanza na kaseti ya asili. Ndani yake mna ubao mdogo wenye chipu. Chipu ya kwanza ni ya kusomwa tu: yaliyomo yaliandikwa kiwandani na hayabadiliki, nayo ni programu, picha, sauti na maneno ya mchezo. Mchezo wa Tetris una chipu hiyo peke yake, na maandishi yake yote ni kilobaiti 32. Lakini michezo mirefu, kama vile The Legend of Zelda: Link's Awakening wa mwaka 1993, haiwezi kumalizwa kwa kikao kimoja. Kwa hiyo iliongezwa chipu ya pili, ya kumbukumbu inayoandikika, ili mchezaji ahifadhi mahali alipofika. Chipu hii ya pili hukumbuka kwa muda wote inapopata umeme, na mashine inapozimwa umeme huo hutoka katika betri ndogo ya mviringo, mfano wa sarafu, iliyolehemiwa kwenye ubao.

Betri ya namna hiyo hudumu miaka kumi na zaidi, kisha huisha. Katika Pokémon Gold na Silver, michezo iliyotoka Japani mwaka 1999, betri hiyo hiyo huendesha pia saa, hivyo huchoka mapema zaidi. Inapoisha, mchezo wenyewe haupotei, kwani chipu ya kwanza haihitaji betri. Kinachopotea ni kazi ya mchezaji. Tena, fundi akiikwangua betri kuukuu bila kutoa umeme kutoka mahali pengine, yaliyohifadhiwa hufutika papo hapo. Ndiyo maana wajuzi hushauri kwamba kabla ya kuigusa betri, yaliyomo katika chipu ya pili yanakiliwe kwenye kompyuta kwa kisomaji cha kaseti, ambacho ni kifaa kidogo kinachounganishwa na kompyuta kwa waya wa USB.

Sasa tuitazame mashine. Prosesa ya Game Boy inaweza kuona kilobaiti 32 tu za mchezo kwa wakati mmoja, ilhali mchezo kama Pokémon Red katika toleo lake la Kiingereza una megabaiti nzima. Tatizo hili lilitatuliwa ndani ya kaseti. Eneo linaloonekana limegawanywa kuwa madirisha mawili ya kilobaiti 16. La kwanza kwa kawaida halibadiliki. La pili hubadilishwa na chipu maalumu kila mchezo unapoagiza, mfano wa msomaji mwenye meza yenye nafasi ya vitabu viwili, ambaye kamusi yake haiondoki mezani lakini kitabu cha pili hubadilishwa kila mara kutoka rafu. Zilitengenezwa aina kadhaa za chipu hizo za kubadilisha, na kila mchezo ulitungwa kwa ajili ya aina yake.

Kuna jambo jingine la kuvutia. Mashine inapowashwa, programu fupi ya baiti 256 iliyo ndani yake husoma nembo ya Nintendo kutoka kwenye kaseti, baiti 48, huionyesha ikishuka kwenye skrini, kisha huilinganisha na nakala yake yenyewe. Zikitofautiana hata kidogo, mashine hugoma. Kampuni ilitumia njia hiyo kama mtego wa kisheria: anayetengeneza kaseti bila ruhusa hulazimika kuweka ndani yake alama ya biashara ya watu wengine. Ndiyo sababu pia kaseti yenye miguu michafu huonyesha mraba mweusi au nembo iliyochakaa na kukwama hapo. Aghalabu dawa yake ni pamba iliyoloweshwa spiriti kidogo, wala si kupuliza kwa mdomo, kwani mate huleta kutu.

Kaseti ya flashi ina umbo la kaseti ya kawaida na huchomekwa mahali pale pale. Ndani yake, badala ya chipu iliyoandikwa kiwandani, mna kumbukumbu inayoweza kuandikwa na kufutwa, chipu inayoweza kupangwa upya ili iigize aina mbalimbali za zile chipu za kubadilisha madirisha, na tundu la kadi ya kumbukumbu ya aina ya microSD. Inapowashwa, hupita mtihani wa nembo, kisha huleta orodha ya michezo iliyomo katika kadi. Mchezaji akichagua mmoja, kaseti hunakili mchezo huo kutoka kadini hadi kwenye kumbukumbu yake, husoma katika kichwa cha faili ni chipu gani inayotakiwa, hujigeuza kuwa chipu hiyo, na kuianzisha mashine upya. Tangu hapo mashine haina njia ya kutambua kwamba haisomi kaseti ya asili. Hapa ndipo kaseti hii inapotofautiana na programu za kompyuta zinazoigiza Game Boy: prosesa ni ile ile, skrini ni ile ile yenye nukta 160 kwa 144, na hata kasoro za sauti ni zile zile.

Maandalizi yenyewe si magumu, ila yanadai uangalifu. Kadi ipangwe kwa mfumo wa FAT32. Kadi za gigabaiti 32 au chini ya hapo kwa kawaida huja hivyo. Kubwa zaidi huja na mfumo mwingine ambao kaseti nyingi haziutambui. Gigabaiti chache zinatosha kabisa, maana maktaba nzima ya Game Boy haijazi hata sehemu ndogo ya kadi ya kisasa. La kuogopwa ni kadi bandia, ambazo huandikwa ukubwa wa uongo na kuanza kupoteza mafaili zinapojaa. Kadi ijazwe mafaili kwenye kompyuta na kusomwa tena kabla ya kuaminiwa. Baada ya hapo hunakiliwa folda ya mfumo inayotolewa na mtengenezaji wa kaseti, bila kubadilisha jina lake wala kuihamisha, kisha mafaili ya michezo katika folda za kawaida. Inafaa michezo igawanywe kwa herufi au kwa aina, kwa sababu orodha ndefu mno hufunguka polepole. Kaseti huchomekwa na kuchomolewa mashine ikiwa imezimwa, daima.

Suala la umeme halipaswi kupuuzwa. Kaseti za Game Boy hutumia volti 5, na kadi za kumbukumbu volti 3.3. Kaseti iliyotengenezwa vizuri ina chipu za kupatanisha voltaji hizo. Baadhi ya zile za bei rahisi hazina, na hufanya kazi kwa kujikaza. Aidha, kaseti ya flashi hula umeme mwingi kuliko ya asili. Betri nne za Game Boy ya kwanza zikikaribia kuisha, mashine inaweza kujizima katikati ya kuandika, na hapo faili huharibika.

Jambo hili latufikisha kwenye kosa linalowaumiza wanaoanza, nalo linastahili kuelezwa kwa urefu. Katika kaseti ya asili, mchezaji akichagua kuhifadhi, kazi imekwisha, anaweza kuzima. Katika kaseti ya flashi, mchezo huamini kwamba umehifadhi, lakini ulichoandika kimo bado katika kumbukumbu ya muda ya kaseti, hakijafika kadini. Baadhi ya kaseti zina betri yake, nazo hunakili kumbukumbu hiyo kadini mara zinapowashwa tena. Nyingine hazina betri: mchezaji hulazimika kurudi kwenye orodha, au kubonyeza kitufe cha kuanzisha upya, kabla ya kuzima. Asipofanya hivyo, saa tatu za kazi hupotea, ingawa skrini ilimwambia wazi kwamba zimehifadhiwa. Mchezo haukusema uongo. Ulitungwa wakati ambapo kuhifadhi kulikuwa na maana moja tu. Kwa hiyo kila mwenye kaseti mpya aanze kwa jaribio: ahifadhi, azime, awashe, atazame. Kisha mara kwa mara atoe kadi na kunakili folda ya mafaili ya hifadhi kwenye kompyuta.

Mafaili ya michezo yatoke wapi? Njia iliyo safi zaidi ni kunakili kaseti za mwenyewe kwa kile kisomaji kilichotajwa. Nakala ikishapatikana inafaa ihakikiwe. Karibu na mwisho wa kichwa cha kila mchezo mna baiti mbili ambazo ni jumla ya baiti nyingine zote. Game Boy yenyewe haizikagui, lakini kompyuta inaweza. Jumla ikikosana na yaliyomo, yafaa kushuku kwamba miguu ya kaseti ilikuwa michafu, na kazi irudiwe. Wahakiki wa miswada watalitambua zoezi hili: nakala mbili zilizosomwa kwa nyakati tofauti zikilingana baiti kwa baiti, msomaji ana haki ya kuziamini.

Mtu mwenye faili anaweza pia kulibadilisha, na hapa mwanaisimu anaingia nyumbani kwake. Skrini ya Game Boy hupangwa kwa vigae vya nukta 8 kwa 8, vigae 20 kwa upana na 18 kwa kimo, na kwa kawaida kila herufi hukaa katika kigae kimoja. Matoleo ya Kifaransa ya michezo, likiwemo la Link's Awakening, yalihitaji kuchorewa herufi zenye alama juu yake. Kiswahili hakihitaji: herufi za Kiingereza zinatosha, pamoja na ritifaa kwa ajili ya ng'. Ugumu wake uko kwingine. Katika sanduku la maneno lenye nafasi 18 kwa mstari, kitenzi kimoja kama atakapowasimulia humeza 16, na hakikatiki katikati bila kumchanganya msomaji. Mfasiri atalazimika kuchagua maumbo mafupi, au kuandika upya sehemu ya programu inayopanga mistari. Kazi za namna hii zimekwisha kufanywa na wapenzi wa michezo katika lugha nyingine; iliyo maarufu ni tafsiri ya Kiingereza ya Mother 3, mchezo wa Game Boy Advance uliotoka Japani peke yake mwaka 2006 na kufasiriwa na wapenzi wake mwaka 2008. Kwa desturi wafasiri hao hawasambazi mchezo. Husambaza faili dogo la mabadiliko tu, na mwenye nakala yake hulitia mwenyewe kwa kompyuta kabla ya kuiweka kadini.

Sheria haijatulia. Mwezi wa Februari 2009 mahakama ya Tokyo ilipiga marufuku uuzaji wa R4, kaseti ya flashi ya Nintendo DS, baada ya mashtaka ya Nintendo na kampuni nyingine 54. Malalamiko yao yalikuwa na msingi, kwani R4 ilitumika hasa kucheza bila malipo michezo ambayo bado ilikuwa inauzwa madukani. Michezo ya Game Boy ni habari nyingine. Uchunguzi uliotolewa Julai 2023 na Video Game History Foundation pamoja na Software Preservation Network ulionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo iliyotoka Marekani kabla ya mwaka 2010 haikuwa ikiuzwa tena kwa njia yoyote, na kwa Game Boy iliyopatikana haikufika hata asilimia 6. Miezi minne kabla yake, Machi 2023, Nintendo ilikuwa imefunga duka la mtandaoni la mashine zake za 3DS na Wii U, ambamo baadhi ya michezo hiyo ilikuwa imerudishwa sokoni. Maktaba na hifadhi za Marekani ziliomba ruhusa ya kuwaazima watafiti michezo ya namna hiyo kwa njia ya mtandao, jinsi zinavyofanya kwa vitabu vilivyoadimika. Oktoba 2024 ofisi ya hakimiliki ya nchi hiyo ilikataa ombi hilo. Mtafiti anayetaka kuusoma mchezo uliohifadhiwa humo hana budi kusafiri hadi kwenye jengo la maktaba, la sivyo atafute kaseti kuukuu, ainunue, na kuinakili kabla betri yake haijaisha.