Little Nemo: Katuni ya Gazeti Ilivyopata Mwendo

Little Nemo in Slumberland ni katuni ya Mmarekani Winsor McCay iliyoanza kuchapishwa katika gazeti la New York Herald Oktoba 1905. Ilisimulia ndoto za mtoto Nemo, ambaye katika kisanduku cha mwisho huzinduka usingizini. Mwaka 1911 McCay aliifanya filamu fupi akishirikiana na J. Stuart Blackton wa kampuni ya Vitagraph.

Kazi hiyo ilihitaji michoro ipatayo 4,000, iliyochorwa kwa wino kwenye karatasi nyembamba zinazopitisha mwanga. Alama za msalaba pembeni zilisaidia kuzilinganisha karatasi ili picha isirukeruke. Kisha kila mchoro ulipigwa picha peke yake, na filamu ikatiwa rangi kwa mkono.

Gazetini, msomaji hujaza mwenyewe pengo lililo kati ya visanduku. Kwenye filamu kila hatua ya mwendo lazima ichorwe. Kwa hiyo McCay aliacha hadithi na mandhari, akabaki na wahusika. Nemo na wenzake, Flip na Impie, hujitokeza kwenye weupe mtupu, huku Flip na Impie wakirefuka na kufupika kama walioko mbele ya kioo cha kupotosha umbo. Baadaye Nemo na binti mfalme huketi kinywani mwa joka, nalo likaondoka nao.

Filamu ilitolewa Aprili 1911, na McCay akaitumia katika maonyesho yake ya jukwaani. Mwaka 2009 iliingizwa katika orodha ya filamu zinazohifadhiwa na taifa la Marekani.