MCHEZO WANGU ULIOFUNGWA

Napenda kuwaeleza jambo lililonipata, ili nanyi mpate kujihadhari.

Nilikuwa na kompyuta ya Mac, na ndani yake mchezo nilioupenda sana, wa kujenga miji. Siku moja nikasasisha mfumo wa kompyuta, nikauweka ule uitwao Catalina, uliotoka mwaka 2019. Nilipotaka kucheza, mchezo ulikataa kufunguka. Sababu ni hii: mfumo huo, na mifumo yote iliyoufuata, huendesha programu za biti 64 tu. Mchezo wangu ulikuwa wa biti 32, na waliouunda hawakuutengeneza upya.

Basi, ziko kazi mbili, wala si moja. Kwanza ni kusasisha michezo: iliyotoka App Store husasishwa humo humo, na ya Steam husasishwa na Steam yenyewe. Pili, kabla ya kusasisha mfumo, uliza kama mchezo wako utaukubali, kisha uweke nakala ya vitu vyako vyote katika diski ya nje kwa Time Machine.

Mimi sikuuliza, wala sikuweka nakala. Miji yangu imo, lakini mlango umefungwa. Majuto ni mjukuu.